Msiwazoe fukusi pamoja na magugu maji

Mhariri,

Kila magugu maji yanapoziba mwalo, magazeti yetu, hili lako likiwemo, hutoa picha ile ile: vijana wamezama hadi kiunoni na reki mkononi, lundo la kijani limejazana ufukweni, na kiongozi amesimama pembeni amevaa buti ambazo bado hazijalowa. Silaumu picha hiyo. Mvuvi ambaye mtumbwi wake haupiti anahitaji njia leo, si mwakani. Lakini ndani ya lile lundo yumo mdudu ambaye Uganda, Kenya na Tanzania zilimtoa mbali, zikamlea kwenye mabeseni na kumwachia ziwani kwa makusudi. Sasa anakaukia juani pamoja na gugu aliloletwa kulitafuna, na hakuna anayemtaja.

Mdudu huyo ni fukusi. Si yule wa kwenye gunia la mahindi, ingawa ni ukoo mmoja na wote wana mdomo uliochongoka kama mkonga. Wa magugu maji ni wa aina mbili. Neochetina eichhorniae ni wa kijivu mwenye madoa ya kahawia. Neochetina bruchi ni wa kahawia, na mgongoni ana mchoro hafifu unaofanana na herufi V. Wote wana urefu wa milimita 4 hadi 5, wafupi kuliko punje ya mchele. Asili yao ni Amerika Kusini, huko huko lilikotoka gugu. Marekani iliwaachia Florida mwaka 1972 na 1974. Uganda iliwapata kupitia kituo cha IITA, taasisi ya kimataifa ya utafiti wa kilimo, nchini Benin, ikawaachia Ziwa Kyoga mwaka 1993 na Ziwa Victoria mwishoni mwa 1995. Kenya, iliyokuwa ikiwalea Kibos karibu na Kisumu, na Tanzania zikafuata upande wao wa ziwa mwaka 1997.

Anayetaka kuelewa kwa nini lundo la ufukweni ni hasara, sharti ajue fukusi huyu anaishi sehemu gani ya mmea. Shika mmea mmoja wa gugu maji uuangalie. Juu kuna jani, chini ya jani kuna kikonyo kilichovimba kama puto, vikonyo vyote vinakutana kwenye moyo wa mmea, na chini ya moyo inaning'inia mizizi myeusi yenye nywele nyingi. Fukusi anazitumia sehemu zote nne.

Mdudu mzima ni wa usiku. Hukwangua ngozi ya juu ya jani na kuacha kovu dogo la milimita 2 hadi 4, ambalo kwanza hupitisha mwanga na baadaye huwa kahawia. Mchana hujibana ndani ya jani changa ambalo bado limejikunja, au katikati ya vikonyo karibu na moyo. Jike hutoboa kikonyo na kutaga humo. Eichhorniae hutaga yai moja moja, bruchi huweza kuweka kadhaa katika tundu moja. Baada ya wiki moja au siku 10 hivi anatoka buu mweupe asiye na miguu, mwenye kichwa cha rangi ya chungwa. Buu huyu ndiye mfanyakazi hasa. Anatoboa kikonyo kwa ndani akishuka, wiki baada ya wiki, mpaka anafika kwenye moyo na kula chipukizi. Njia yake inajaa maji, kuvu na bakteria wanaingia, kikonyo kinaoza na kuacha kuelea. Akishakomaa anashuka kwenye mizizi, anakata nywele za mizizi na kujisokotea kifuko kidogo cha duara, kisha anakuwa pupa, yaani anatulia akigeuka kuwa mdudu mzima, humo humo, chini ya maji, kifuko kikiwa kimegandamana na mzizi hai. Tangu yai hadi mdudu mzima ni miezi 3 hadi 4.

Sasa rudi kwenye lundo. Mayai na mabuu wamo ndani ya vikonyo, pupa wamo kwenye mizizi. Mmea ukikauka wote wanakufa. Wazima huweza kutambaa wakatoka, lakini wakikuta mchanga mtupu na maji matupu hawana pa kwenda. Mabawa wanayo, ila kuruka si kawaida yao. Kwa hiyo mwalo uliosafishwa mpaka ukang'aa umepoteza jeshi lote, na gugu litakaloletwa na upepo juma lijalo litakuwa jipya, lenye afya, bila hata kovu moja.

Na litakuja. Hesabu yenyewe haina huruma. Gugu maji likiwa na joto na virutubisho huongezeka maradufu kwa muda wa siku 6 hadi 15. Ukiondoa nusu ya mkeka wa magugu, baada ya wiki mbili umerudi ulivyokuwa. Ukiondoa robo tatu, umejipatia mwezi. Hekta moja iliyosongamana huweza kuwa na uzito wa tani 300 hadi 400, na zaidi ya tisa ya kumi ya uzito huo ni maji tu. Mashine na malori yetu kwa sehemu kubwa yanasomba maji ya ziwa na kuyapeleka nchi kavu. Juu ya hayo, mbegu zilizozama kwenye tope huweza kukaa hadi miaka 20 zikingoja mwanga, na Mto Kagera hauachi kuteremsha magugu kutoka Rwanda na Burundi. Anayeahidi kulimaliza kwa reki anaahidi kukausha ziwa kwa kata.

Sisemi tuache kung'oa. Vivuko lazima vipite, na mabomba ya kuvuta maji ya kunywa lazima yawe wazi. Nasema tung'oe kwa akili.

Kwanza, kata njia, usifyeke uwanja. Mwalo unahitaji mlango wa mitumbwi na nafasi ya kugeuzia; hauhitaji ghuba nzima iwe tupu. Acha sehemu ya mkeka, hasa ile iliyotulia kwenye kona isiyopigwa na upepo, maana huko ndiko fukusi hujazana. Mimi ningeacha angalau theluthi moja. Ni kipimo cha kukadiria kutokana na mwendo wa mdudu mwenyewe, na mwenye sababu nzuri ya kuacha zaidi na aache.

Pili, kabla ya kupanga sehemu ya kung'oa na ya kuacha, pima. Kazi hii haihitaji maabara. Chagua mimea 20 bila kupendelea, ukiivuta kila baada ya hatua chache za mtumbwi. Katika kila mmea tafuta jani changa zaidi lililokwisha kufunguka, hesabu makovu yake, kisha pasua kikonyo kimoja cha zamani kwa kisu kutoka juu hadi chini uone kama kuna njia nyeusi au buu. Andika. Penye makovu mengi na vikonyo vilivyotobolewa, acha. Penye majani mapana yanayong'aa, yasiyoguswa, ndipo pa kuanzia reki. Mara nyingi hufanywa kinyume, kwa sababu mkeka uliokwisha shambuliwa una vikonyo vifupi na mizizi michache na ni mwepesi kuvuta, basi vibarua huanza nao. Wanang'oa mgonjwa na kumwacha mzima.

Tatu, magugu yaliyotolewa yasipelekwe juu siku hiyo hiyo. Yarundike mahali ambapo lundo linagusa mkeka uliobaki, uyaache usiku mmoja au miwili. Fukusi wazima watatoka gizani na kuhamia kwenye mmea mbichi. Mabuu na pupa hutawaokoa kwa njia hiyo, lakini wazima ni mtaji tosha: jike mmoja huweza kutaga mayai 300 au zaidi maishani mwake. Baada ya hapo sogeza lundo mbali, juu ya alama ya maji ya masika. Lundo likiachwa pale ufukweni, mvua kubwa ya kwanza inalirudisha ziwani pamoja na mbegu.

Kuna ambao wameniuliza kama fukusi wanaweza kulelewa mwaloni bila mtaalamu wa chuo. Wanaweza, na BMU, yaani kikundi cha wavuvi kinachosimamia mwalo, yenye kivuli na ndoo ina karibu kila kitu, mradi ofisi ya uvuvi na ya kilimo zijulishwe. Tafuta mabeseni makubwa au mapipa ya lita 200 yaliyokatwa katikati kwa urefu, yenye kina kisichopungua sentimita 30 ili mizizi ining'inie. Jaza maji ya ziwa. Weka mimea michanga yenye afya isiyo na makovu, ya kutosha kufunika uso wa maji bila kubanana. Weka mbolea ya urea kidogo, kijiko cha chai kwa nusu pipa, na uongeze tu majani yakianza kupauka. Mmea wenye njaa huzaa fukusi wachache, na bruchi hasa anapenda mmea ulioshiba. Usizidishe, maji yatageuka supu ya kijani.

Wazazi utawapata kwenye mkeka wenye makovu. Ama fungua majani yaliyojikunja moja moja mchana, kazi ya subira inayowafaa watoto wa shule, ama zamisha mimea ndani ya pipa la maji na kuigandamiza kwa waya wa kuku. Baada ya saa moja au mbili fukusi wataanza kupanda juu na kuelea, uwaokote. Usishangae wakichelewa, wanaweza kukaa chini ya maji muda mrefu. Weka 20 au 30 katika kila nusu pipa, wape wiki mbili watage, kisha uwahamishie pipa la pili, baadaye la tatu. Hapa ndipo wengi wanapokosea. Wakiachwa katika pipa moja wanaendelea kula na kutaga hadi mimea inakufa kabla mabuu hawajafika kwenye mizizi, na kizazi chote kinapotea. Kwa hiyo hamisha wazazi, andika tarehe kwenye pipa kwa rangi, na ulitunze kwa miezi mitatu hadi minne. Mmea unaozama uache hapo hapo mpaka mizizi yake iishe kuoza, kwa maana pupa wanaweza kuwa bado wamo. Ongeza mwingine pembeni yake.

Kuachia nako kuna namna yake. Njia rahisi ni kupeleka mimea mizima yenye mayai, mabuu na pupa, ukaichomeka katikati ya mkeka uliotulia. Ukipeleka wazima peke yao, wabebe kwenye kopo lenye matundu na vipande vya majani mabichi, nje ya jua, na uwaachie jioni ya siku hiyo hiyo. Wamwage wote mahali pamoja ili madume na majike wapatane. Ukiwatawanya kilometa nzima umewapoteza. Usiwaachie kwenye visiwa vinavyotembea na upepo, maana kesho viko Ukerewe au vimevunjwa na mawimbi. Na kwa hali yoyote usihamishe mmea kupeleka bwawa au mto ambao hauna gugu maji. Hilo ni kosa lisilofutika.

Swali linalofuata huwa moja: je, wakimaliza magugu hawatahamia mihogo na mahindi? Hapana. Kabla ya kuachiwa popote walijaribiwa kwa mimea mingi, ikiwemo ya chakula. Mdudu mzima akibanwa na njaa anaweza kuonja jani la mmea wa ukoo wa gugu maji, lakini buu wake hawezi kukua katika mhogo, mpunga wala ndizi. Magugu yakipungua, fukusi nao hupungua. Hilo ndilo tatizo letu halisi, kwa sababu gugu linaporudi kutokana na mbegu, linarudi haraka kuliko fukusi wachache waliosalia. Ndiyo maana mapipa ya kulelea hayapaswi kukauka wakati ziwa linaonekana safi. Huko nyuma kazi hii imekuwa ikifuata fedha za mradi: mradi ukifungwa, mabeseni yanageuzwa ya kufulia.

Wapo wanaosema fukusi hawana sifa yoyote. Mwaka 1998 magugu yalifunika hekta karibu 20,000 za Ziwa Victoria, sehemu kubwa ikiwa Ghuba ya Winam upande wa Kenya, na katika miaka miwili iliyofuata yakaporomoka. Hoja yao ni kwamba zilikuwa mvua za El Niño za 1997 na 1998, maji yakapanda, mawimbi yakavunja mikeka, mawingu yakapunguza mwanga. Hoja hiyo haipuuzwi, na watafiti wamejibizana juu yake katika majarida kwa miaka. Kwa maoni yangu mambo hayo mawili hayapingani. Mkeka ambao vikonyo vyake vimetobolewa hauna nguvu ya kushikamana. Wimbi likiupiga unafumuka na kuzama. Mkeka wenye afya hupigwa na wimbi lile lile ukaenda kutia nanga ghuba nyingine. Na mwishoni mwa 2006, mvua kubwa nyingine iliposomba udongo na mbolea kuingia Winam, magugu hayakupungua, yalilipuka upya. Kama mvua peke yake ndiyo dawa, ile ilifanya nini?

Kuhusu kupuliza dawa za kuua magugu nitasema machache. Dawa huua mmea ndani ya wiki chache, na mabuu wanazama nao. Mkeka mkubwa ukifa kwa mpigo unaoza kwa mpigo, oksijeni inaisha majini, na samaki wa maji mafupi wanakuwa wa kwanza kufa. Kama ni lazima kupuliza mbele ya bomba la maji au gati, ipulizwe mistari, na katikati ya mistari yabaki magugu ambayo fukusi watahamia.

Jambo la mwisho ni la tahadhari, kwa sababu naona majina yanaanza kuchanganywa. Si kila kijani kinachoelea ni gugu maji lile la maua ya zambarau. Salvinia, ambayo Uganda wanahangaika nayo hasa Ziwa Kyoga, ni jamii ya kangaga, haina ua, majani yake ni madogo, yanajikunja yakisongamana, na juu yamejaa vinyweleo vinavyokataa maji. Fukusi wa Neochetina hawaigusi kabisa. Salvinia ina fukusi wake, Cyrtobagous salviniae, mweusi, wa milimita 2 hivi, kutoka Brazil. Huyu aliachiwa Ziwa Moondarra huko Queensland, Australia, mwaka 1980, na baada ya kama mwaka mmoja salvinia ilikuwa imekwisha nguvu. Kenya ilimtumia Ziwa Naivasha miaka ya 1990. Papua New Guinea, katika Mto Sepik, mwanzoni alikataa kushika, na sababu ikagundulika kuwa mimea ilikuwa na nitrojeni kidogo mno. Wakainyunyizia urea, fukusi wakazaana, na mto ukafunguka. Kwa hiyo mtu akikuambia amewaachia fukusi na hawakufanya kitu, muulize kwanza ni fukusi yupi na aliwaachia kwenye gugu gani.

Ombi langu kwako, Mhariri, ni dogo. Waandishi wako wanapofika mwaloni wakaambiwa ni tani ngapi zimetolewa, waulize pia: kwenye majani yaliyobaki majini kuna makovu mangapi, na aliyahesabu nani? Asipopatikana wa kujibu, wavute mmea mmoja, wapasue kikonyo, na wapige picha ya kilichomo.

Mdau wa Ziwa Victoria,
Mwanza